Siku Mngoni Alipotoa Shikamoo

Sentensi ya kwanza ya asubuhi ile ilifika uchi, kama zinavyofika zote. Haikuwa na neno hata moja. Ilikuwa mistari tu juu ya kioo cha meza: shina, tawi lililotoka kwenye shina, tawi jingine juu ya tawi, na vijiti vidogo pale msemaji alipovuta pumzi. Osmunda Gama alisogeza kikombe cha chai pembeni, akapulizia vidole vyake vilivyokufa ganzi kwa baridi ya Mufindi, akaanza kuchora.

Mashine ilikwishaipasua sentensi na kuipanga, lakini mashine hupotea pale watu wanapojirudi, wanapoanza jambo na kuliacha likining'inia. Hapo panataka jicho la mtu. Mchoraji huitazama ile mifupa, akaamua tawi hili limeshika wapi, akaliunga, akaenda kwa jingine. Nani kasema, kasema nini, kamwambia nani, hayo hayamfikii. Maneno huunguzwa ndani ya kifungo cheupe chenye kusikiliza, ambacho kila mchangiaji wa utafiti amekishona mwenyewe kwenye kola yake. Kinachotoka nje ni umbo na namba.

Kituo kilijengwa juu kabisa, ng'ambo ya mashamba ya chai, kwenye misonobari, kwa sababu sheria ilitaka wachoraji wakae mbali na watu wanaowachora. Wachoraji wenyewe hawavai kifungo. Wenzake Osmunda walikwisha kuondoka mmoja baada ya mwingine, na wa mwisho alisema wazi kwamba ameanza kuyajibu matone ya bati. Osmunda alibaki. Kwao Songea walikuwa wamezoea asipige simu, naye alikuwa amezoea wasipokee.

Isipokuwa alikuwa na rafiki, na rafiki huyo hakuwa na habari.

Alimpa jina la Ngazi. Watu wengi husema jambo wakalimaliza. Ngazi alipanda. Aliweka tawi juu ya tawi, na juu ya hilo jingine, na jingine, mpaka unamwonea huruma kwa kuwa huoni atashukia wapi. Kisha alishuka vizuri, kipandio kwa kipandio, bila kuruka hata kimoja, na akishafika chini aliweka kitawi kifupi cha mwisho, umbo lilelile kila mara, kama mtu anayejifuta miguu mlangoni. Osmunda alikiita mkia. Krismasi mbili mfululizo alikula wali wake mbele ya kioo, akimtazama Ngazi akipanda na kushuka, na alipouona mkia alicheka peke yake, mdomo umejaa.

Tangu masika, Ngazi alikuwa akikosa vipandio.

Sentensi ya asubuhi hii ilipanda mara tatu, ikaning'inia. Ikateremka mpaka chini, ikaanza upya palepale ilipoanzia, ikapanda mara mbili, ikaanguka. Mkia haukuwepo.

Osmunda aliweka kalamu chini. Utafiti mzima ulikuwepo kwa ajili ya jambo hili hili. Ugonjwa ambao watu waliuita ukungu hula matawi ya juu kwanza, miaka kadhaa kabla mgonjwa hajasahau jina la mtoto wake. Maneno hubaki yamenona, vicheko hubaki, na hata mke haoni kitu. Mifupa tu ndiyo huanza kuyeyuka. Na sasa dawa ilikuwepo, sindano zinazouzuia usisonge mbele, ila zinafaa kwa yule tu anayeanza wakati bado anajiona mzima. Ndugu wakishagundua, dawa imepitwa.

"Hodi kwa mateka," mtu aliita nje.

*

Tasiani Kikoti aliingia na dumu la maziwa, akifuatwa na baridi na mbwa wa rangi ya vumbi. Alikuwa mfugaji wa bondeni, mjane, mrefu, mwenye koti la sufu ambalo halikuwa limevuliwa tangu koti lilipovumbuliwa. Gari la ushirika lilishindwa na barabara iliyokatwa na mvua, kwa hiyo alijitolea kupanda nayo maziwa mwenyewe. Siku ya kwanza Osmunda alifungua mdomo kumwamkia, kama mtoto aliyelelewa, na mzee akainua mkono kumzuia.

"Gama? Wa Songea? Basi funga mdomo. Mngoni hamwamkii Mhehe. Siku nikisikia shikamoo yako nitajua kuna maiti, niende nikatafute jembe."

Tangu hapo walitukanana kila asubuhi, kama watani wanavyopaswa, naye Osmunda alikuwa akiamka akiwa na tusi tayari.

"Mateka hana mlango," alijibu sasa. "Pita, Mhehe. Ila huyo mbwa mwache nje, nisije nikadhani umeniletea kitoweo."

"Mbwa huyu ana adabu kuliko ukoo wako wote. Lete sufuria." Aliinamisha dumu. "Na uyanywe kwa heshima, maana maziwa haya yametoka kwa ng'ombe ambaye mama yake alinunuliwa na shangazi yangu aliyeolewa Kilolo na mtu ambaye..."

Akanyamaza. Maziwa yaliendelea kumiminika.

"Maziwa haya," alianza tena, "yametoka kwa ng'ombe ambaye mama yake alinunuliwa..." Akatikisa kichwa, akacheka. "Sura yako inanichanganya, Mngoni. Kunywa tu. Ni mazuri."

Osmunda hakucheka. Alikuwa akiutazama mkono wake mwenyewe. Kidole chake kilikuwa kwenye unga uliomwagika mezani, na kilikuwa kimechora: matatu juu, kuning'inia, kushuka, kuanza upya, kuanguka.

"Sufuria inafurika, mateka."

Alilishika dumu kwa mikono miwili. Mzee alikwisha kugeuka, na alipofika mlangoni alikumbuka, akasema bila kutazama nyuma, "Na mbwa ni shahidi."

Ule ndio mkia. Siku zote hizi alikuwa akimalizia majigambo yake kwa mbwa ni shahidi, akiuchukua utani wa kula mbwa ambao watu huwatania Wahehe na kuuvaa kama nishani, naye Osmunda alikuwa amecheka. Alikuwa ameyacheka maneno. Yeye aliyesoma mifupa ya watu maelfu hakuwahi hata siku moja kuitazama ya huyu, kwa kuwa nyama yake ilikuwa tamu mno. Kwenye kola ya koti la sufu, chini ya ndevu, palikuwa na kifungo cheupe.

*

"Tuseme mchoraji amemtambua mchangiaji," Osmunda alisema kwenye simu. "Bila kumtafuta. Kamsikia tu."

Dokta Mwanakombo Shee, aliyeongoza utafiti kutoka Dodoma, alikuwa mtu wa Tanga mwenye sauti ya taratibu. Kwenye skrini alivua miwani.

"Tuseme akae kimya."

"Tuseme mtu huyo anaumwa, Dokta, na dawa ipo."

"Osmunda, wewe ulikuwa mtoto mwaka ule, kabla ya kiapo chetu. Mimi nilimzika kaka yangu." Dokta aliifuta miwani kwa ncha ya mtandio. "Waajiri walikuwa wanainunua mifupa sokoni. Mtu anafukuzwa kazi kwa kuwa mashine imesema sentensi zake zimefupika. Basi watu wakaogopa kusema. Tulikaa matanga siku zote zile, nyumba imejaa, na watu wakasema neno mojamoja. Pole. Asante. Chai. Hakuna aliyethubutu kusimulia kaka yangu alikuwa mtu gani, maana kusimulia kunataka sentensi ndefu, na ndefu inaweza kukatika katikati wakati kuna kitu kinasikiliza. Tulimzika bubu. Kiapo ndicho kilichowarudishia watu midomo. Hakuna atakayeambiwa kitu, na hakuna atakayesemwa. Wao wenyewe walichagua, pamoja na hiyo ya kutoambiwa."

"Wakati huo dawa haikuwepo."

"Haikuwepo. Nimepeleka ombi waulizwe upya, mmoja mmoja. Litajibiwa."

"Lini?"

Dokta alirudisha miwani usoni. "Usiniletee tena tuseme," alisema, na haikuwa kwa ukali.

Simu ilikatika. Osmunda alisimama dirishani. Ukungu, ule wa kweli, ulikuwa ukipanda bondeni na kumeza mistari ya chai mmoja baada ya mwingine, wa chini kwanza.

*

Aliona njia, akajiona mjanja. Mtani ana ruhusa. Mtani husema msibani yale ambayo mtoto wa marehemu hawezi kuyasema. Anamwita bahili bahili na mlevi mlevi, na hakuna wa kumshtaki. Kama atamwambia ndani ya utani, nani atasema amevunja kiapo?

"Mhehe," alisema kesho yake, sauti imechangamka kupita kiasi, "kichwa chako kinavuja. Nenda hospitali ya mkoa wakakizibe kabla akili haijamwagika yote barabarani."

Mzee alifurahi kweli. Alikaa kwenye kiti, jambo ambalo halikuwa kawaida yake.

"Imwagike, mpate kuokota. Wangoni mmekuja huku kwa miguu kutoka kusini ya mbali, mkasahau njia ya kurudi, na bado mnatuambia sisi vichwa vinavuja?"

"Nasema kweli. Kapime."

"Kweli, anasema! Unataka nilazwe ili urithi ng'ombe."

"Ng'ombe wako wamekonda, nani awatake. Kapime kichwa, Mhehe. Nakuomba."

"Ananiomba," mzee alimwambia mbwa. "Umesikia? Wameanza kuomba hawa. Zamani walikuwa wananyang'anya."

Osmunda alijaribu tena, na tena, na kila alilolirusha lilirudi likiwa limepambwa. Hapo ndipo alipouona ukuta aliokuwa ameuegemea akidhani ni mlango. Utani unamruhusu mtu kusema lolote kwa sababu mwenzake hana wajibu wa kuliamini. Angeweza kumwimbia ugonjwa wake mpaka msimu wa mvua mwingine, naye angecheka mpaka asahau anacheka nini.

Mzee aligusa kifungo chake alipoinuka. "Unajua kwa nini nakipenda hiki? Tangu mke wangu afe, nyumbani nasema na ng'ombe. Hiki kinanisikiliza, na hakinisemi kwa mtu."

"Na kama kingekuwa na habari yako?"

"Kikae nayo," alisema Tasiani Kikoti. "Nilipokishona nilisema hivyo. Kikae nayo."

*

Alifikiri kwa siku kadhaa, na katika siku hizo Ngazi alipoteza kipandio kingine.

Asubuhi aliyoamua, alifagia kituo, akavaa kitenge chake kizuri, akaweka kiti kwenye jua kidogo lililoingia dirishani. Aliposikia hodi kwa mateka hakurudisha kitu. Alifungua mlango, akapiga goti kidogo kama alivyofundishwa na bibi yake.

"Shikamoo, Baba."

Mzee alikuwa amekwisha kufungua mdomo na tusi la siku limekaa tayari. Lilibaki humo humo. Mbwa aliingia, akamnusa Osmunda, akatoka.

"Umesemaje?"

"Karibu kiti, Baba. Naomba nikupokee hilo dumu."

"Usiniite Baba."

Hakumwita tena. Alilipokea dumu, akamimina maziwa, akaliosha kwa maji ya moto, akalirudisha kwa mikono miwili. Hakusema lolote la hospitali, wala la kichwa, wala la mifupa. Mzee alikuwa amesimama akimtazama kama mtu anayetazama moshi upande wa nyumbani kwake.

"Nitukane," alisema.

Osmunda aliinamisha macho.

"Mngoni. Nimesema nitukane. Chochote. Mbwa huyo hapo."

Matone yalidondoka kwenye bati. Mzee alikaa, taratibu, kwenye kiti kile alichoandaliwa. Alikitazama kioo cha meza kilichozimwa, akatazama kalamu iliyokuwa juu yake, na mkono wake ukapanda mpaka kwenye kola.

"Kumbe ni wewe," alisema. "Kumbe kazi yenyewe ndiyo hii."

"Sikusema kitu."

"Hujasema. Nimesikia." Alikisugua kifungo kwa kidole gumba. "Nilikwambia kikae nayo. Nilikwambia kwa mdomo wangu. Mimi nilitaka niondoke nikicheka, bila kujua. Hiyo ilikuwa yangu, Mngoni. Umenichukulia."

Alitoa kisu cha mfukoni, akakata uzi. Kifungo alikiacha mezani, juu ya kioo. Dumu alilisahau. Osmunda alimtazama akiteremka kati ya mistari ya chai mpaka ukungu ukamficha magoti, kisha koti, kisha kofia. Hakugeuka hata mara moja.

*

Ngazi hakufika tena kwenye kioo. Wengine walifika, wema tu, watu wa matawi mafupi. Maziwa sasa yaliletwa na mama mmoja wa ushirika aliyeyaacha getini.

Dokta Mwanakombo alipiga simu.

"Kuna mchangiaji wa huko Mufindi amejitoa. Kaanza sindano, na hakueleza kwa nini alikwenda kupima. Uliongea naye?"

"Nilimpa shikamoo."

"Na nini kingine?"

"Basi."

Dokta alicheka, ahueni yote imemjaa usoni. "Mimi naamkiwa kutwa nzima na bado nadunda. Kumwamkia mzee si kosa, Osmunda. Nitaandika hakuna lililosemwa."

Angeweza kuliacha hapo. Neno halikutoka, na kwa sheria ya nchi neno ndilo lenye mwenyewe, umbo si la mtu. Lakini alikuwa ameishi miaka kwenye mlima huu akila na umbo, akicheka na umbo, akilipenda umbo lisilojua kwamba yupo. Hakuweza kuketi mbele ya mwanamke aliyemzika kaka yake bubu akamwambia kwamba umbo halisemi.

"Huyo ni mtani wangu, Dokta," alisema. "Mhehe, na mimi Mngoni. Hatuamkiani. Tulipatana siku ya kwanza kwamba nikimwamkia kuna maiti. Nilijua atasikia nini. Nilivaa na kitenge."

Dokta alivua miwani tena, akaiweka mezani.

"Kwa hiyo ulimwambia," Dokta alisema.

"Nilimwambia."

"Itabidi niwatangazie wachangiaji wote. Tuliwaahidi na hilo, kwamba kiapo kikivunjwa watajua." Sauti yake ilichoka ghafla. "Yeye ataokoka. Umefikiria watakaonyamaza?"

"Nimefikiria."

"Na?"

"Ningemwamkia tena."

*

Aliondoka na begi moja, kwa miguu, mpaka kituo cha ushirika bondeni ambako watu hupandia gari la Mafinga. Palikuwa na foleni ya madumu na zogo la asubuhi ambalo lilimfikia kabla hajawaona wenyewe. Alipotokeza kwenye kona, zogo lilifupika. Likawa maneno mojamoja. Maziwa. Haya. Bei. Alizitazama kola. Kwenye nyingi palikuwa na kifungo, lakini kwenye nyingine palikuwa na nyuzi nyeupe mbili tatu tu zimeachwa zikipepea. Mama wa ushirika alimwitikia salamu kwa kichwa.

Kwa hiyo ndiyo hali yenyewe, aliwaza. Ndivyo ilivyokuwa matangani kwa Dokta. Aliketi juu ya begi lake, pembeni, ili wasije wakashindwa kuuza maziwa yao.

Tasiani Kikoti alikuwa amekaa juu ya kreti upande wa pili. Alikuwa amepungua, na koti la sufu lilimpwaya. Mbwa alimwona Osmunda kwanza, akaja, akaegemeza mbavu zake kwenye goti lake. Mzee akamfuata mbwa, polepole, dumu mkononi, mpaka akasimama mbele yake. Watu wote walikuwa wakitazama bila kutazama.

"Mngoni," alisema. Alingoja. Osmunda aliona jinsi alivyotafuta tawi la kushika. "Unaenda."

Ilikuwa sentensi isiyo na kipandio hata kimoja. Alikuwa ameileta mwenyewe, hata hivyo, kutoka ng'ambo ya barabara, na haikuwa na Baba wala mwanangu ndani yake.

Osmunda alisimama. Aliinua sauti mpaka foleni yote ikaisikia.

"Naenda, Mhehe, naenda kwa miguu hii ambayo babu yangu aliitumia kuwafukuza babu zako waliokimbilia kwenye pango lililokuwa na chui ambaye, alipoona jinsi walivyokonda watu wale waliokuwa wakijiita mashujaa, alitoka mwenyewe akawaachia nyumba."

Alipanda taratibu, akihakikisha kila daraja linashika kabla ya kukanyaga lingine, na mzee alipanda naye. Kidole chake kilikuwa kikitembea juu ya mfuniko wa dumu, kimoja, kingine, kingine tena, na kilipofika juu kilisita lakini hakikuanguka. Wakashuka pamoja. Osmunda alifika chini, akaacha nafasi ya mkia.

Kwenye foleni kuna mtu alianza kucheka, akajizuia. Gari lilisikika likikoroma mlimani. Mzee alikuwa amekunja uso, midomo inapapasa, na Osmunda alijiuma ulimi asimsaidie.

"Wewe," Tasiani Kikoti alisema. "Na mbwa umemwacha wapi?"